Sura Yake Tunaijua Wote, Pesa Yake Nani Anaijua?

Kama unasoma gazeti la kuazima hapo kijiweni, usione soo, wewe nawe ni mteja. Ila ukifika ukurasa huu usilikunje haraka, maana leo nina neno.

Leo sitaki habari za steringi. Steringi ana watu wa kumwandika. Anapigwa picha akishuka kwenye gari, anaandikwa kaachana na nani, kanunuliwa nini, kalala wapi. Nataka tuwaongelee wale wengine: baba mkwe bahili, mganga tapeli, mlinzi anayelala zamu, mwenyekiti wa mtaa anayetaka chai kabla hajagonga muhuri. Wale ambao mtu akiwaona tu kwenye kioo anaanza kucheka kabla hawajafungua mdomo. Filamu ikiisha, mnabishana kuhusu steringi, lakini usiku ukiwa umelala unakumbuka uso wa yule mzee.

Sasa nikuulize. Amri Athumani ni nani?

Umekwama, eh? Basi nikikwambia King Majuto, hapo hapo unacheka. Ndiyo huyo huyo. Mtoto wa Tanga, kazaliwa 1948, kapanda jukwaani 1958 akiwa bado kitoto cha miaka tisa hivi, na hakushuka hadi mwili ulipomshusha wenyewe. Kafariki Agosti 8, 2018, Hospitali ya Taifa Muhimbili, akiwa na miaka 70. Piga hesabu mwenyewe: miaka sitini ya kuwachekesha watu. Kuna mashirika ya umma yamezaliwa, yamekua, yamefilisika na yamesahaulika ndani ya muda huo, na mzee bado yuko kazini.

ISONGOLE NA KIBANDA UMIZA

Mimi sikumfahamu Tanga wala Dar. Nimemfahamu hapa hapa Isongole, wilaya ya Ileje, mpakani na Malawi. Kwa ambao hamjafika, ukitoka Tunduma unarudi Mpemba, halafu unaiacha barabara kuu na kuingia hii ya kwetu. Siku hizi ni lami, kilomita hamsini na kidogo, unateleza tu. Nilipokuwa shule ya msingi ilikuwa vumbi kiangazi na tope masika, na gari lililobeba magazeti, soda na CD mpya za filamu lilifika likijisikia.

Filamu tulizitazama kibanda umiza. Jina lenyewe linajieleza. Mabati juu, turubai pembeni, mabenchi ya mbao yenye misumari, televisheni moja mbele, jenereta nyuma linalounguruma kama limetukanwa. Umeingia na shilingi mia yako, umebanwa katikati ya wapiga debe na wauza kahawa, jasho linakutoka, lakini hutoki. Siku za soko walikuja hata vijana wa ng'ambo ya Mto Songwe, upande wa Chitipa. Wengine Kiswahili walikuwa wanakishika kwa kuungaunga.

Nakumbuka kitu kimoja kilichonishangaza, na hadi leo nakifikiria. Steringi akiongea maneno yake matamu ya mapenzi, wale wa ng'ambo walikuwa wanageukiana: anasemaje? Majuto akitokea, hakuna aliyeuliza. Mzee anafungua mlango, anamkuta mgeni mezani, anautazama mkate, anamtazama mgeni, anautazama tena mkate. Kibanda kizima chini! Mmalawi anacheka, Mndali anacheka, mwenye kibanda aliyeitazama filamu hiyo mara kumi naye anacheka. Ubahili hauna haja ya mkalimani.

Hapo ndipo nilianza kuelewa kwamba ile ni kazi, na ni kazi ngumu. Watu wanadhani mchekeshaji anajifanya mjinga tu. Jaribu wewe. Simama mbele ya watu utazame mkate mara mbili uone kama kuna atakayecheka. Vichekesho vyetu vingi, na hata michezo mingi ya televisheni, havikutengenezwa kwa kuandikwa neno kwa neno. Mwongozaji anawaeleza kisa: wewe baba, wewe mke, huyu mwanao kaleta mchumba, wewe humtaki. Yaliyobaki mwigizaji anayatoa kichwani mwake kamera ikiwa inakula. Kwa maana hiyo, maneno yale yaliyotuvunja mbavu mara nyingi hayakuwa ya mtu mwingine. Majuto alikuwa mwigizaji na mtunzi kwa wakati mmoja, na kwenye bahasha analipwa kama mmoja.

Shika hilo, tutalirudia.

JINA LINALOMEZA MTU

Kazi hii ina uchawi wake: jina la mchezo linammeza mwenye jina. Said Ngamba alifariki 2014, lakini nchi nzima ilimlilia Mzee Small. Fundi Said aliondoka Januari 2012, na mitaani zikasikika habari za Mzee Kipara. Vuka uende Kenya: Benson Wanjau alikuwa Mkikuyu, lakini kwa zaidi ya miaka thelathini ya Vitimbi alikuwa Mzee Ojwang, na kila aliyemsikia akiongea kwa lafudhi ile aliapa kuwa ni Mjaluo wa kutoka ziwani kabisa. Alifariki Julai 12, 2015 pale Hospitali ya Taifa ya Kenyatta. Mwenzake kwenye mchezo, Mary Khavere, mpaka leo ni Mama Kayai, apende asipende.

Msidhani ni sisi tu. Wajerumani walikuwa na mchezo wao wa polisi uitwao Derrick, vipindi 281, kuanzia 1974 hadi 1998, ukauzwa katika nchi zaidi ya mia moja. Horst Tappert ndiye aliyekuwa Derrick mwenyewe, na pembeni yake, vipindi vyote hivyo, alikuwepo Fritz Wepper kama msaidizi wake, Harry. Robo karne unatembea hatua moja nyuma ya bosi! Wepper alifanya mengi mengine, lakini kwa watu wengi alibaki Harry hadi alipofariki 2024. Duniani kote mtu wa pembeni anaishi maisha hayo hayo. Kinachotofautiana ni karatasi aliyosaini.

Na hiyo karatasi ndiyo iliyonifanya nishike kalamu wiki hii.

MWAKA ULE WA 2018

Majuto alipougua, nchi ilishtuka mara mbili. Kwanza kwa ugonjwa. Pili, kwa kujua kuwa mzee ambaye sura yake tuliiona kwenye kava za filamu, kwenye matangazo na kwenye televisheni za mabasi ya mikoani, hakuwa na mfuko unaolingana na sura hiyo. Serikali iliingilia kati, akapelekwa India kutibiwa, akarudi, na Agosti akatuacha. Akazikwa kwao Tanga.

Mwaka huo huo, aliyekuwa Waziri wa Habari, Utamaduni, Sanaa na Michezo, Dk. Harrison Mwakyembe, jirani yetu wa Kyela, aliunda kamati ya kupitia mikataba ya wasanii, ya Majuto ikiwemo, ili ionekane kama kazi zao za matangazo na filamu zilikuwa zinawalipa haki yao. Sikiliza hapo vizuri, msomaji. Mtu kafanya kazi miaka sitini, na karatasi zake zinakuja kusomwa na wanasheria akiwa kitandani.

Siyo kwamba sheria haikuwepo. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ipo tangu 1999, na hilo neno hakishiriki ndilo linalomgusa mwigizaji. Lakini sheria iko kwenye kitabu na njaa iko tumboni. Enzi za filamu za CD na DVD, mtindo ulikuwa mmoja: msambazaji anainunua filamu yote, haki na kila kitu, kwa mkupuo. Mwigizaji anapewa chake siku za kupiga picha, asante, kwaheri. Filamu ikiuzwa nakala elfu moja au laki moja, ikionyeshwa vibanda vyote kutoka Isongole hadi Bukoba, kwake ni ile ile bahasha ya siku ile. Tulipokuwa tunatoa shilingi mia zetu pale kibandani, hata senti moja haikuwa na njia ya kumfikia mzee.

REAGAN KABLA HAJAWA REAGAN

Sasa usije ukasema hayo ndiyo maisha ya msanii popote. Mwaka 1960, Majuto akiwa na miaka miwili tu jukwaani, waigizaji wa filamu wa Marekani waliweka vitu chini. Waligoma kuanzia Machi hadi Aprili. Rais wa chama chao alikuwa nani? Ronald Reagan, yule yule aliyekuja kuwa rais wa nchi, wakati huo akiwa mwigizaji ambaye hata usteringi wake ulikuwa wa kubahatisha.

Walikuwa wanagombania nini? Televisheni. Filamu zao za zamani zilikuwa zinauzwa kwenye vituo vya TV, wenye studio wanavuna, mwigizaji anajitazama sebuleni kwake bure. Mgomo ulipokwisha walikubaliana hivi: filamu za kuanzia 1960, kila zikiuzwa kwenye televisheni mwigizaji naye ana fungu lake. Zile za nyuma, studio zilitoa dola milioni 2.25 kwa mara moja zikawa mtaji wa mfuko wa pensheni na matibabu wa waigizaji. Wazee wa zamani walinung'unika kwa miaka mingi kuwa wao wameachwa kwenye mataa, na kweli waliachwa. Lakini waliokuja nyuma yao, hata yule aliyecheza mhudumu wa baa kwa dakika mbili, waliipata njia.

Nilipoisoma habari hiyo niliiweka gazeti chini nikatazama nje. Kikoba! Watu wa Hollywood walianzisha kikoba cha matibabu, na sisi wenye vikoba kila kona ya mtaa, wenye mama zetu wanaojua kuweka na kukopa kuliko benki, waigizaji wetu wakiugua tunapitisha daftari la michango.

TUNDUMA, MIMI NA KARATASI MBILI

Utaniuliza, dogo, wewe haya yanakuhusu nini? Yananihusu. Mimi ni mtoto wa kidato cha nne, cheti kipo kabatini kinalindwa na mende. Naandika safu hii kwa makala, nikiandika nalipwa, nisipoandika silipwi. Mwisho wa wiki nashika maikrofoni kwenye sherehe, Isongole, Itumba, wakati mwingine Tunduma. Nina sauti moja ya mzee bahili ambayo watu wanaipenda. Niliokota kwa Majuto, nikaitia lafudhi ya huku kwetu, ikawa yangu.

Kuna harusi moja nilishika maikrofoni, akanisikia mfanyabiashara mmoja wa Tunduma, jina kapuni. Akataka ile sauti kwenye tangazo la biashara yake: gari la matangazo, redio, simu, kila mahali. Bei, shilingi elfu themanini. Kwa kijana wa Isongole elfu themanini siyo pesa ya kuipigia mluzi. Nilishaanza kuipangia matumizi nikiwa bado sijakaa kwenye kiti.

Akaniletea karatasi mbili za Kiingereza, saini hapa. Nikaomba nisome. Akaangalia saa. Nikasoma hivyo hivyo, kwa Kiingereza changu cha kidato cha nne na kamusi ya kwenye simu. Ukurasa wa pili ulisema sauti ile itakuwa mali yake kwa matumizi yoyote, mahali popote, kwa muda wote. Muda wote, jamani! Hata ndoa ina kifo.

Nikasema kwa adabu: mzee, naomba tuandike mwaka mmoja, ukiisha tukae tena. Akacheka, akawatazama vijana wake, wakacheka na wao.

"Dogo, wewe nani? Majuto?"

Sikumjibu. Jibu lilikuwepo lakini lilikuwa refu, na yeye alikuwa anaangalia saa. Moyoni nilisema: mzee wangu, Majuto mwenyewe angekuwa na mwaka mmoja mmoja kwenye karatasi zake, pengine kamati isingeundwa. Nikairudisha kalamu, nikashika gari la kurudi nyumbani.

Sasa usije ukanipigia makofi, subiri kwanza. Nyumbani ulikuwa msimu wa kupandia. Mama alikuwa ameshanihesabu. Nilipomweleza alinyamaza kidogo, akaendelea kuchambua maharage, kisha akasema taratibu: "Mwanangu, sikatai, umesema kweli. Ila mahindi hayaijui hakishiriki. Mahindi yanataka mbolea." Tukauza mbuzi. Alikuwa mbuzi mzuri, jike, na alikuwa na mimba. Mama hajawahi kunilaumu kwa sauti, lakini kila akipita pale bandani anaangalia ile kamba.

Tangazo lilipata mtu. Alilifanya rafiki yangu, tunashinda wote kijiweni, tena sauti ya mzee anaifanya vizuri. Alichukua elfu themanini, akanunua simu. Mwaka ukapita, gari la matangazo likawa bado linazunguka na sauti yake, na juzi juzi tumeisikia kwenye tangazo jingine la bidhaa nyingine kabisa ambayo hata kuisoma jina hakuwahi. Nikamuuliza, unajisikiaje? Akacheka. "Kaka, mimi sina kinyongo. Simu ninayo. Wewe una nini?"

Nilikosa la kusema. Na kwa kuwa hapa tunaambiana ukweli, nakiri swali lake ni zuri kuliko majibu mengi ninayoyasoma kwenye semina za wasanii. Nina nini? Nina sauti yangu bado. Kama kuna siku itauzwa kwa bei, au itafia kwenye harusi za Itumba, hilo sijui, na mbuzi ameshakwenda.

KWA WEWE UNAYEANZA

Siyo wote mtapata nafasi ya kuwa steringi, na wala msiidharau ile ya pembeni. Baba mkwe, mganga, mlinzi, sauti ya tangazo, kichekesho cha dakika moja kwenye simu: hizo ndizo ajira zilizopo kwa vijana wengi wenye kipaji na cheti kinacholindwa na mende. Kwa hiyo naomba tuulizane maswali matatu kabla kalamu haijagusa karatasi.

La kwanza: kwa muda gani? Kama hakuna mwaka umeandikwa, jua umeuza mpaka kaburini. La pili: kwa matumizi gani? Umecheza tangazo la sabuni, kesho usije ukajikuta unauza dawa ya panya. La tatu: nakala yangu iko wapi? Mkataba wenye nakala moja tu, kwenye kabati la bosi, ni sawa na harusi ambayo cheti kiko kwa mama mkwe. Kama ni wa Kiingereza na hukielewi, mtafute mwalimu wako wa sekondari, mtendaji, mtu yeyote. Siku moja ya kuchelewa haijawahi kumuua mtu. Na Ofisi ya Hakimiliki ipo, ni ya umma, nenda kaulize, hata kwa simu.

La mwisho siyo swali. Anzeni kikoba. Waigizaji, ma-MC na wachekeshaji wa Songwe tuko wangapi? Hata kumi tu, elfu mbili mbili kwa wiki, mtu akiugua asianzie kwenye daftari la michango. Mimi nimeshawashika wawili, pamoja na yule mwenye simu. Alikubali haraka kuliko nilivyotegemea, akasema yeye ndiye atakuwa mtunza hazina kwa sababu ana simu nzuri.

Wenzetu walitangulia bila hayo yote. Walituchekesha kwa miaka sitini, wakaondoka, na sauti zao bado zinasikika kwenye mabasi ya usiku. Wiki ijayo, Mungu akipenda, tutaongelea wapangaji na wenye nyumba wa Tunduma. Hao nao wana mikataba yao, na huko hakuna wa kucheka.